Uchumba wa kuigiza kwenye muvi za wanafunzi: mkataba kwanza, busu baadaye

Kwenye muvi za mapenzi ya wanafunzi kuna mchezo mmoja usiochuja. Wawili wasiopendana wanakubaliana kujifanya wapenzi, kila mmoja kwa shida yake, na mtazamaji anajua mapema kabisa kwamba watapendana kweli. Ni kama kuangalia marudio ya mechi ambayo matokeo yake umeshayasikia: unakaa kuona magoli yalivyofungwa. Wengi wanaoiga mchezo huu huchemsha palepale. Wananakili busu, wananakili muziki wa taratibu na mvua, wanasahau karatasi iliyoandikwa masharti. Na karatasi ile ndiyo inayoiendesha hadithi.

Nachukua mfano ambao wengi wameuona, To All the Boys I've Loved Before, iliyotoka Netflix Agosti 2018 kutokana na riwaya ya Jenny Han ya mwaka 2014. Lara Jean Covey ana miaka 16. Kila mvulana aliyewahi kumzimikia amemwandikia barua, zimefika tano, na hakuna hata moja aliyoituma. Zimefichwa kwenye boksi la kofia. Mdogo wake Kitty anazituma zote. Mmoja wa waliopokea ni Josh, jirani yao, ambaye alikuwa mpenzi wa dada mkubwa, Margot. Mwingine ni Peter Kavinsky, kijana maarufu wa shule ambaye ndiyo kwanza ametoswa na Genevieve.

Hapo shida zimeshakuwa mbili. Lara Jean anataka Josh aamini kwamba ile barua imepitwa na wakati, maana kumgusa aliyekuwa wa dada yako ni balaa la nyumba nzima. Peter anataka Genevieve aone wivu. Zipime shida hizo kwa mizani na utaona zinakaribiana. Ukimwondolea mmoja shida yake, hana sababu ya kubaki hata siku moja, na mwandishi atalazimika kumshikilia kwa nguvu. Kosa la kwanza la waigaji ni hilo: mmoja ana shida, mwenzake anasaidia kwa huruma tu. Ukimpa msaidizi huruma umeshampa na mapenzi, kwa hiyo hadithi imeisha kabla haijaanza. Lingine ni kumweka mmoja ashikilie siri ya mwenzake amtishe nayo. Hapo umeandika unyanyasaji, na hakuna busu la dakika ya mwisho litakaloufuta.

Sasa masharti. Lara Jean anakataza kumbusu. Peter anashangaa, nani ataamini kuwa wanatoka pamoja kama hata busu hakuna? Wanatafuta badala yake: Peter ataruhusiwa kuingiza mkono kwenye mfuko wa nyuma wa jinzi ya Lara Jean, kama ilivyo kwenye muvi moja ya zamani ambayo Lara Jean anaipenda na Peter hajawahi kuiona. Basi inaongezwa kwamba Peter lazima aione. Atamwandikia kikaratasi kila siku. Lara Jean atakwenda kwenye mechi na sherehe. Hakuna kumwambia mtu yeyote ukweli. Na mwishoni kuna safari ya shule ya kwenda kuteleza kwenye theluji, ambayo lazima waende wote, ingawa iko mbali kiasi kwamba Lara Jean anaamini mpaka wakati huo watakuwa wameshaachana.

Rudi usome tena polepole, kwa sababu kila sharti pale ni deni. Katazo la busu lipo ili busu likija liwe na bei. Wapenzi wa kawaida wakibusiana dakika ya 20 ni jambo la kawaida. Hawa wakibusiana wamevunja mkataba, na anayevunja lazima ajieleze, hata kwa nafsi yake. Mkono kwenye mfuko wa nyuma ni kitu ambacho kamera inaweza kukinasa bila neno, kwenye korido iliyojaa watu. Na kile kikaratasi cha kila siku ndicho kijanja kuliko vyote, kwa sababu kilizaliwa na kinyongo: Genevieve alikuwa akimdai Peter vikaratasi, Peter hakuwahi kumwandikia, kwa hiyo akimwandikia mwingine itamuuma. Kimeanza kama mshale wa kumchoma mtu wa tatu. Lakini huwezi kumwandikia mtu kila siku bila kumfikiria kila siku. Sharti limeshaanza kufanya kazi ambayo aliyelitunga hakuituma.

Safari ya theluji ni tarehe ya mwisho, na tarehe ya mwisho ndiyo inayosahaulika zaidi kwenye hadithi zetu. Uchumba wa kuigiza usio na mwisho uliotajwa unalegea kama kamba ya nguo. Mtazamaji anajiuliza kwa nini hawaachani tu wiki hii. Siku ikitajwa mapema, kila tukio linalotangulia linajipanga kuielekea, na hao wawili wenyewe wanaanza kuihesabu, mara ya kwanza kwa hamu ya kumaliza, baadaye kwa hofu kwamba itafika.

Waandishi wa zamani walilijua hili. Can't Buy Me Love ya mwaka 1987 ina mkataba mfupi kuliko wote: dola 1,000, mwezi mmoja. Ronald, kijana asiyeonekana na mtu shuleni kwao Arizona, amekata nyasi za majirani kiangazi kizima akiweka akiba ya kununua darubini ya kutazamia nyota. Cindy, binti maarufu, amevaa kwa siri suti ya mama yake ya ngozi laini na ikamwagikiwa mvinyo. Bei ya suti ni ileile dola 1,000. Tazama namba zinavyobanana. Darubini ya mmoja imekuwa suti ya mwingine, na kwa kuwa tulimwona akizikata nyasi zile, tunajua kila dola ilimtoa jasho gani. Ukiandika tu kwamba kijana tajiri alimlipa msichana, umepoteza yote hayo.

Muvi hiyohiyo ina utani ambao Mwafrika akiutazama leo anakunja uso. Ronald anajifunza kucheza kupitia televisheni akidhani ni kipindi cha muziki wa vijana, kumbe ni kipindi cha elimu kinachoonyesha eti ngoma ya Kiafrika ya mhanga. Anaicheza ukumbini, shule nzima inamwiga. Lengo ni kuwacheka Wamarekani wanaofuata mkumbo, na kwa hilo utani umefika. Ila ngoma yenyewe ilitungwa na mtu ambaye Afrika aliiona kwenye kalenda.

Kuna muvi nyingi zinazochanganywa na kundi hili na si zake. Katika 10 Things I Hate About You ya mwaka 1999, iliyochota mchezo wa Shakespeare wa kumfuga mke mkali na kuupeleka shule ya sekondari, Patrick analipwa amtoe Kat matembezi kama mpenzi. Kat hajui. Mwaka huohuo She's All That ilikuja na kijana anayewekeana dau na rafiki yake kwamba ndani ya wiki sita atamgeuza msichana yeyote kuwa malkia wa sherehe ya kumaliza shule. Naye msichana hajui. Huo ni mchezo wa dau, na kanuni zake ni nyingine. Kwenye mkataba wote wawili wanaidanganya shule. Kwenye dau mmoja anamdanganya mwenzake. Kwa hiyo ukweli ukifichuka, kwenye mkataba kinachouma ni aibu, wakati kwenye dau ni usaliti, na usaliti unadai fidia inayoonekana kwa macho. Patrick zile pesa hatimaye anazigeuza gitaa, na gitaa anampa Kat, ambaye ndoto yake ni kuanzisha bendi. Mwandishi alijua kwamba maneno ya kuomba radhi peke yake yasingetosha. Pesa chafu ilipaswa ionekane ikitoka mkononi mwake. Watu wakichanganya michezo hii miwili, wanaishia na kijana aliyeweka dau anayesamehewa kwa shada la maua. Watazamaji wa kike hawasahau.

Tukirudi kwenye mkataba, kuna tukio moja ambalo bila hilo hakuna hadithi, nalo ni lile ambalo maigizo yanaendelea wakati hakuna anayeangalia. Uchumba wa kuigiza unahitaji hadhira: korido, kantini, uwanja wa michezo. Kila wanachofanya mbele ya watu kina kisingizio. Ndiyo maana mwandishi mzuri anapanga matukio ya hadharani kwanza, manne au matano, mpaka mtazamaji azoee kusema wanaigiza tu. Halafu anawaondolea watu.

Kwenye ile ya Lara Jean linafanyika kwa kinywaji. Peter amekuja na maziwa ya mtindi ya Kikorea anayoyapenda Lara Jean, ambaye marehemu mama yake alikuwa na asili ya Korea. Hayauzwi duka la karibu. Ameendesha gari mpaka upande wa pili wa mji, kwenye duka la Wakorea, akayanunua kwa ajili ya safari. Hapakuwa na Genevieve wa kumwonyesha wala kamera ya mtu. Hakuna sharti lolote lililosema alete mtindi. Kachupa kadogo, bei yake si kitu, lakini ni kitu cha kwanza ambacho mkataba hauwezi kukieleza, na ndiyo maana kina uzito kuliko busu linalofuata ndani ya bwawa la maji moto kule milimani.

Anayeandika na ajaribu hivi. Andika masharti yote ya wahusika wako kwenye karatasi moja. Kisha tafuta kitendo kidogo, cha bei nafuu, chenye usumbufu mkubwa, ambacho hakimo kwenye karatasi ile. Kiwe kinahusu jambo ambalo mmoja alilisema mara moja tu, kwa kupitia, huko nyuma. Zawadi ya gharama haifai. Tajiri anaweza kununua mkufu bila kufikiria. Usumbufu ndio ushahidi.

Kuvunjika nako kuna ufundi wake. Theluthi ya mwisho inapoanza, lazima mambo yaharibike, na kanuni niliyoiona ikifanya kazi ni kwamba yaharibike kwa sababu ya uongo uleule wa mwanzo, si kwa ajali ya nje. Katika basi la kurudi, Genevieve anamwambia Lara Jean kwamba Peter alikwenda chumbani kwake baada ya bwawa, na ana ushahidi mkononi: kile kibanio cha kitambaa cha Lara Jean cha kufungia nywele, ambacho Peter alikuwa amekichukua. Halafu video ya bwawani inasambaa Instagram na watu wanaona wanachotaka kuona. Vitu viwili, kimoja cha kushika na kimoja cha kwenye simu, na vyote vinachoma palepale kwenye swali la mkataba: lipi lilikuwa kweli, lipi maigizo? Mtu aliyekubali kuigiza hana pa kusimama akitaka aaminiwe. Linganisha na zile ambazo mama anaugua ghafla au baba anahamishwa kikazi. Huko ni kumwita daktari aje amalizie kazi ya mwandishi.

Tamthilia ni shughuli nyingine. Muvi ya dakika 100 inafunga hesabu kwa busu la mwisho, lakini mkataba hauwezi kuvutwa misimu mitatu bila kuchanika. Kwa hiyo tamthilia za vijana hukimbilia pembetatu: msichana mmoja, wavulana wawili. Jenny Han huyohuyo alifanya hivyo kwenye The Summer I Turned Pretty ya Prime Video, iliyoanza mwaka 2022 na kumalizika 2025: Belly kati ya ndugu wawili, Conrad na Jeremiah. (Kama hujamaliza msimu wa tatu, ruka mpaka aya inayofuata.) Tatizo la pembetatu ni hesabu. Anayeshindwa lazima aondoke, na waandishi wakichoka wanamharibu tabia ili tusimlilie. Msimu wa tatu unaanza kwa kumfanya Jeremiah msaliti, na kuanzia hapo uzani wote umeelemea upande mmoja. Vipindi 11 vya kuvuta kamba wakati mmoja ameshaachia. Pembetatu nzuri ni ile ambayo wote wawili wana hoja hadi siku ya mwisho. Ni ngumu, ndiyo maana ni chache.

Neno moja kuhusu sura. Watu huuliza kwa nini wanafunzi wa kwenye muvi wana misuli na ndevu zilizonyolewa. Sheria za kazi ndizo zinazochangia kwa kiasi kikubwa. California, siku ya masomo, mwigizaji wa miaka 16 au 17 anaruhusiwa kazi ya saa sita tu. Anatakiwa pia asome saa tatu na apumzike saa moja, na mwalimu awepo eneo la kazi. Mwenye miaka 22 hana vizuizi hivyo, kwa hiyo siku moja ya kurekodi naye inazaa matukio mengi zaidi. Na kwenye matukio ya faragha, hakuna kampuni inayotaka matatizo ya kumtumia mtoto. Matokeo yake ni kwamba Darren Barnet alikuwa na miaka 29 tamthilia ya Never Have I Ever ilipoanza kuonekana mwaka 2020, akiigiza kijana wa sekondari, huku mwenzake Maitreyi Ramakrishnan akiwa 18. Mtoto wa miaka 15 anayetazama Mbagala au Kisumu anajipima kwa mwili wa mtu anayekaribia 30. Ni vizuri mtu mzima aliyekaa naye sebuleni amwambie umri huo.

Na je, mchezo huu ukiletwa shule zetu? Muvi hizi zinafika, kwa Netflix, kwa flashi, na kwa sauti za wanaotafsiri kwenye vibanda umiza. Kinachokwama ni mazingira. Huku mwanafunzi haji shuleni na gari lake, na mapenzi shuleni si suala la umaarufu, ni kosa la nidhamu. Tanzania kuna zaidi: marekebisho ya Sheria ya Elimu ya mwaka 2016 yaliweka kifungo cha miaka 30 kwa anayempa mwanafunzi mimba, na wasichana waliopata mimba walikuwa wakifukuzwa moja kwa moja hadi serikali ilipowaruhusu kurudi, Novemba 2021. Mwandishi wa huku akinakili bwawa la maji moto, amehamisha hadithi kutoka aibu kwenda mahakamani. Si ajabu tamthilia zetu za vijana mara nyingi zimekuja na somo la afya mkononi. Shuga, iliyorekodiwa Nairobi na kuonyeshwa mwaka 2009, ilitengenezwa kwa ajili ya kampeni dhidi ya VVU, na hadithi zake zilibeba mzigo huo waziwazi.

Lakini mkataba wenyewe unahamishika vizuri kuliko watu wanavyodhani, kwa sababu hauhitaji busu. Unahitaji hadhira, masharti na tarehe. Hadhira: shule ya kutwa Dar es Salaam, kituo cha daladala saa kumi jioni, sare za rangi tatu, konda anayekataa wanafunzi. Tarehe: mahafali ya kidato cha nne, ambako kila mtu anataka kujua nani atapiga picha na nani. Shida: msichana anataka kijana wa mtaani aache kumsumbua njiani, mvulana anataka kumwonyesha aliyempiga kibuti kwamba hajafa. Masharti yawe ya kwetu. Utanipokea begi kwenye daladala. Utanisubiri kituoni hata kama gari limekuja tupu. Hakuna kushikana mikono. Hakuna kupiga simu nyumbani, mama anashika simu.

Kupokea begi ndilo ningelipa kazi kubwa. Aliyekaa kumpokea begi aliyesimama ni adabu ya kila siku, kila abiria anaifanya, kwa hiyo hakuna mwalimu wa nidhamu anayeweza kuikataza. Lakini kati ya mabegi matano yanayoning'inia, yeye anapokea lile moja, kila siku, na watu wanaanza kuona. Wiki ya kwanza analishika kwa mkono mmoja kama mzigo. Wiki ya tatu analikumbatia.

Halafu waondolee watu. Siku ya mtihani, wenzao wameshatawanyika, gari lina abiria wageni watupu. Msichana amepata kiti nyuma, amesinzia, begi lake liko kwenye mapaja ya mvulana. Kituo cha mvulana kinafika. Konda anagonga bati, anauliza kama kuna wa kushuka. Kijana anaangalia dirishani, kituo kinapita, anatafuta mfukoni nauli ya kurudia.